Niko Banalia

Askari wa zamu alifunua bakuli, akaichomachoma lituma kwa kijiti, akakitazama kile kijiti kana kwamba ndizi zilizopondwa zinaweza kuficha msumeno, kisha akamwambia Hadidja asubiri. Hadidja akasubiri. Wiki hiyo alikuwa amejifunza kusubiri kwa kila namna: kwa kusimama, kwa kuegemea ukuta, na kwa kukaa kwenye benchi la ukumbini ambako wake za watu hupokezana nafasi. Zamu ilikuwa yake, lakini mama mmoja mwenye mkoba wa ngozi akapitishwa kwanza, naye Hadidja akainama kufunga upya kikwembe chake cha kiunoni ambacho hakikuwa kimelegea.

Ismaël alipoletwa dirishani hakuuliza habari za nyumbani. Alivaa shati lile lile alilokamatwa nalo, kola imekuwa nyeusi. Huyu ni mwanaume ambaye hakuwahi kutoka nje bila nguo zake kupigwa pasi, na mkewe alilazimika kutazama pembeni ili asilie mbele ya askari.

"Umeona Maître?" akauliza, akimaanisha wakili wao.

"Nimemuona. Anasema kesho magistrat atawakutanisha na papa Nzanzu. Mukisikilizana, unatoka. Mukikosa, Ijumaa wanakupeleka prison centrale."

"Bon. Sasa sikia muzuri." Ismaël akausogeza uso kwenye nondo. "Neno iko moja tu. Nzanzu hakunipigia simu. Alitoa cheki mu droo, akaipeleka banque bila kuniambia. Yeye njo alivunja masikilizano. Maître atasema vile, na wewe wakikuuliza, utasema vile."

Hadidja akalisukuma bakuli karibu na nondo. Alimwambia ale, lituma ikipoa haina ladha.

Asiyefanya biashara Kisangani atajiuliza simu inaingiaje katika kesi ya cheki. Inaingia hivi. Mwenye bohari anakupa magunia kwa mkopo. Wewe unamwachia cheki yenye kiasi na sahihi, bila tarehe. Wote wawili mnajua kwamba katika akaunti hamna kitu. Cheki hiyo haikuandikwa kwa ajili ya benki, imeandikwa kwa ajili ya moyo wa mkopeshaji, alale usingizi. Basi nayo inalala, ndani ya droo, miezi hata mwaka. Na kuna sharti moja ambalo halikuandikwa popote: kabla ya kuiamsha, unampigia simu mwenye sahihi. Akisema ngoja, unangoja kidogo. Akileta nusu, unapokea nusu. Anayeiamsha bila kupiga simu, wafanyabiashara wenzake humkwepa kama mwenye upele.

Mbele ya sheria, hata hivyo, cheki haina usingizi. Imefika benki na pesa hazipo, aliyetia sahihi ana kosa, na kosa lina jela. Cheki ya Ismaël ilikuwa ya dola elfu tatu na mia mbili. Maharage, mchele na mafuta aliyochukua kwa Nzanzu aliyavusha mto hadi kwenye shule moja ya bweni, wanafunzi wakala wakamaliza, na mhasibu wa shule akawa na jibu moja kila alipoulizwa: wiki ijayo. Kukopa harusi, kulipa matanga. Ismaël alikuwa mzuri sana siku za harusi.

*

Friza ya Hadidja ilitolewa uani na vijana wanne, majirani wakiwa wamejipanga kama kwenye maziko. Ndiyo iliyokuwa ikiwalisha. Ndani yake alihifadhi samaki wa barafu, wale waitwao thomson, aliowauza sokoni, na kwa samaki hao Malika, binti yao, alikuwa amefika chuo kikuu. Mnunuzi aliupapasa mlango wake, akakuta mchubuko, akashusha bei. Hadidja akakubali. Mnunuzi akasema mlango haufungi vizuri, akashusha tena. Hadidja akakubali tena, kwa sababu muuzaji mwenye mume ndani husomeka usoni, na mnunuzi yule alijua kusoma. Pamoja na kidogo alichotumiwa na kaka yake wa Opala, zikapatikana dola mia tisa.

Pale friza ilipokuwa pakabaki mraba wa saruji nyeupe, na kando yake kile kiti cha plastiki. Hadidja akakaa juu ya kiti. Mwisho wa barabara yao ya Kabondo mashine ya kusaga ya Cyprien ilikuwa ikinguruma, kama ilivyonguruma alasiri ile.

Maana simu ilipigwa. Ismaël alikuwa amekaa kwenye kiti hiki hiki, miguu juu ya ndoo, na Hadidja akipanga samaki. Simu ikalia juu ya meza. Ismaël akaona jina, akailaza uso chini. Ikalia tena, akaiacha imelala vile vile. Ya tatu akaipokea, akaweka mkono mbele ya kinywa kama mtu aliye kwenye upepo, akasema: "Papa Nzanzu, réseau iko mubaya. Niko Banalia. Nikirudi nakuona." Akakata. Kisha akamtazama mkewe, akitaka acheke.

Na Hadidja alicheka. Ndilo lililomuuma sasa. Alicheka kwa sababu Kisangani nzima husema hivyo. Kila anayedaiwa yuko safarini, na kama wote wanaosema wako Banalia wangekuwa Banalia kweli, mji ule ungeshapasuka. Kesho yake asubuhi cheki ikaenda benki.

*

Bohari la Nzanzu lilikuwa nyuma ya soko kuu. Mkewe, mama Sophie, alikuwa mlangoni akiwahimiza wapagazi, na alipomwona Hadidja hakuvunja mazungumzo yake nao. Baadaye akamwambia papa anakuja, akae. Kiti hakikuwapo. Hadidja akakalia ukingo wa gunia la maharage.

"Usikae juu ya maharage, mama," mama Sophie akasema kwa upole. "Ile mutu ameisha kuilipa."

Hadidja akasimama. Alibaki wima hadi Nzanzu alipotoka ndani, mzee mfupi wa Butembo, mwenye kofia ya kahawia na sauti ya chini ambayo haikuwahi kupandishwa mbele ya mteja. Alimsalimu vizuri, akauliza habari za Malika na masomo yake. Hadidja akaona ametengenezewa njia. Akaitoa bahasha kifuani, akaiweka juu ya mzani kwa mikono miwili, akasema ziko mia tisa, na zinazobaki zitakuja polepole, amwonee huruma baba wa watoto.

Nzanzu hakuigusa.

Alisema barabara ya kwao ina vita, malori yanakaa wiki nzima njiani, na wale wa Butembo wanamdai yeye kama yeye anavyomdai Ismaël. Pesa anaihitaji, hawezi kudanganya. Kisha akavua kofia, akaitazama ndani.

"Lakini, mama Malika, huko soko wanasema nini? Wanasema Nzanzu anaamushaka cheki za watu kimya kimya. Bwana yako alituma ile neno, toka ndani ya cachot, na imefika mbele yangu. Jana kliya, muteja wangu wa zamani, amekuja kuomba cheki yake irudi. Anaogopa kuiacha mu droo yangu. Miaka makumi mbili niko mu Kisangani, sikufanya mutu vile." Akamtazama usoni. "Mimi nilipiga simu, ao sikupiga?"

Hadidja alikuwa na jibu. Lilipanda hadi kooni, likakutana na sura ya Ismaël nyuma ya nondo, likashuka. Alisema tu kwamba yeye ni mwanamke, mambo ya biashara ya mumewe hayajui yote.

Nzanzu akaisukuma bahasha kurudi upande wake.

"Kesho, mbele ya magistrat. Akifuta ile neno, tunasikilizana, hata kwa miezi sita. Asipofuta, sheria ifanye kazi yake."

*

Kesho yake ukumbini, kabla hawajaitwa kwa magistrat, askari alimruhusu asimame karibu na mumewe. Hadidja akamweleza yote kwa haraka: pesa zimepatikana, Nzanzu yuko tayari, kinachotakiwa ni neno moja. Akiri tu kwamba simu ilipigwa. Dawa ya deni kulipa, na hapa wameombwa kulipa kwanza kwa ulimi, ambao hauna bei.

Ismaël alimsikiliza akitazama viatu vyake visivyo na kamba.

"Nikisema alinipigia na mimi nikamukimbia, nani mu mji huu atanipa tena hata gunia moja? Cachot inaishaka. Jina ya muongo haiishake."

"Na kama wanakupeleka prison?"

"Watanipeleka na jina yangu." Akainua macho. "Na wewe, ukifungua kinywa, wewe njo utakuwa umenifunga."

Wakaitwa.

Magistrat alikuwa mwanamke wa makamo, Madame Élise, aliyeweka leso chini ya mkono wake ili jasho lisilowanishe karatasi. Alieleza bila kuzunguka. Kwake yeye hakuna cheki ya usingizi. Kuna cheki yenye pesa na cheki isiyo na pesa, na hii ni ya pili. Lakini wakipatana, na mlalamikaji akaondoa malalamiko yake, Ismaël atalipa faini ya serikali, faili litafungwa, kila mtu arudi kwake. Wasipopatana, anatia sahihi hati ya gereza leo hii. Akafungua kalamu, akaiweka juu ya meza, wazi.

Maître Liévin, wakili kijana aliyechukua nusu ya malipo yake kwa samaki wa Hadidja, akasimama. Alizungumza Kifaransa kizuri kwanza, kisha Kiswahili ili Nzanzu asipoteze kitu. Mteja wake hakukusudia udanganyifu. Cheki ilikuwa ya dhamana. Mila ya biashara ya mji huu inamtaka mkopeshaji apige simu kabla, na Bwana Nzanzu hakupiga. Kwa hiyo chanzo cha matatizo yote, madame, ni...

Nzanzu alikuwa ameshasimama. Hakugombana. Alivaa kofia yake, akasema muandike vile munaandika, madame, mimi naenda kuuza, na mkono wake ukashika kitasa.

Hadidja alikitazama kile kitasa kikizunguka. Akaitazama na kalamu. Hakumtazama Ismaël, kwa kuwa angemtazama asingeweza.

"Alipiga," akasema.

Kitasa kikasimama.

"Papa Nzanzu alipiga simu. Mara tatu. Mbili za kwanza, bwana yangu aliilaza uso chini, kwa meza. Ya tatu aliijibu, akasema iko Banalia. Hakukuwa Banalia. Alikuwa nyumbani, juu ya kiti, mbele yangu." Akameza mate. "Na mimi nilicheka. Kama iko kosa, ile ya kucheka iko yangu."

Maître Liévin akakaa chini taratibu, akaanza kupanga karatasi ambazo zilikuwa zimepangika. Ismaël aligeuza uso ukutani.

Nzanzu akakiachia kitasa, akarudi hadi kwenye kiti, lakini hakukaa.

"Najua alikuwa nyumbani," akasema. "Mimi nilikuwa kwa moulin ya Cyprien."

Hakuna aliyeelewa mara moja. Nzanzu akaeleza akiwa ameishika kofia kwa mikono miwili. Siku ile alikwenda Kabondo kwa miguu, kuzungumza na mwenzake kiutu uzima, wakate deni vipande. Alipofika kwenye mashine, hatua chache kabla ya mlango, aliona si vizuri kumwingilia mtu ghafla mbele ya watoto wake. Akapiga simu kwanza, ajiandae. Akapiga tena. Akapiga tena.

"Akaniambia iko Banalia. Moulin nilikuwa naisikia mu sikio hii, na mu simu, moulin ile ile, naisikia mu sikio ingine."

Njia ya mwongo ni fupi, walisema wahenga, ila sidhani kama waliwahi kuona iliyo fupi kama hii. Siku nyingine chumba kizima kingecheka. Siku hiyo hata Madame Élise alitazama dirishani.

Akamuuliza Nzanzu kwa nini hakusema tangu mwanzo.

"Ningesema nini, madame? Kwamba mimi, muzee muzima, nilisimama kwa moulin kama mupelelezi, unga inaniangukia? Niligeuka, nikaenda. Ningeingia, ningemukuta mutu mukubwa na uongo wake ungali mu kinywa. Sikutaka kumuona vile. Nilingoja aseme mwenyewe."

Magistrat akamgeukia Ismaël, akamuuliza kama ndivyo ilivyokuwa. Hadidja aliwaza friza, akamuwaza Malika, akawaza kwamba labda amempoteza mume kwa njia ambayo gereza lisingempotezea.

"Iko kweli," Ismaël akauambia ukuta.

Baada ya hapo mambo yalikwenda kama gari lililotoka matopeni. Nzanzu akakubali kuondoa malalamiko. Pesa zikahesabiwa juu ya leso ya Madame Élise, na ndipo ikakumbukwa faini, ambayo Hadidja katika mbio zake zote hakuiwekea hata senti. Alisimama pale mikono mitupu, aibu ikimchemka masikioni. Nzanzu akatoa mia moja kutoka kwenye fungu lake, akaisogeza. "Alipe serikali. Kwangu muandike mia nane." Zilizobaki, elfu mbili na mia nne, zikakatwa mafungu sita, la kwanza mwisho wa mwezi uliofuata.

Maître Liévin, akitaka na yeye aonekane amefanya kazi, akapendekeza kwamba kwa dhamana ya kiasi kilichobaki Bwana Ismaël angeweza kuacha, kwa mfano, cheki. Madame Élise akavua miwani, akamtazama hadi akaishiwa sentensi.

"Mimi cheki sitaki tena," Nzanzu akasema. "Nikimupigia simu, ajibu. Garantie yangu njo ile."

*

Ismaël alirudi nyumbani, lakini hakurudi kwa Hadidja. Alikula sebuleni peke yake. Akitaka kitu alimtuma Malika: mwambie mama yako chumvi imekosa, mwambie mama yako naenda ng'ambo. Usiku alimpa mkewe mgongo, na asubuhi alijipigia pasi mwenyewe, vibaya.

Habari ilikuwa imeshafika sokoni, na soko halina huruma na mtu aliyechekesha. Alipopita, mpagazi mmoja angemuuliza mwenzake kwa sauti, wewe uko wapi, na mwenzake angejibu, niko Banalia. Hadidja aliyasikia hayo pia. Friza ikiwa imekwenda, alikuwa akikaanga mikate, maandazi ya mviringo, mbele ya nyumba, na wateja walijua kucheka wakiwa wamejaza vinywa mikate yake. Kila jioni aliweka faida ndogo chini ya godoro upande wa mumewe, na kila asubuhi aliikuta imechukuliwa, bila neno. Hivyo ndivyo walivyokuwa wakizungumza.

Mwisho wa mwezi ukafika. Shule ya ng'ambo ililipa kidogo, mhasibu akasema zinazobaki wiki ijayo. Zilizopatikana, pamoja na za mikate, zilikuwa mia mbili na sitini. Fungu lilikuwa mia nne.

Alasiri hiyo Ismaël alikuwa amekaa uani kwenye kile kiti cha plastiki, mbele ya mraba wa saruji. Hadidja alikuwa ameihamishia sufuria yake ya mafuta uani, chini ya upenu, kwa sababu mvua ilitishia. Mashine ya Cyprien ilikuwa ikinguruma. Simu ikalia juu ya meza.

Ismaël akaona jina. Mkono wake ukafika juu ya simu, ukakaa.

Hadidja aligeuza mikate. Alikuwa na la kusema, na lilikuwa tayari mdomoni, lakini safari hii aliona si lake. Kama atalisema yeye, atakuwa anamjibia simu maisha yake yote. Akageuza mikate ambayo ilikuwa imeshageuzwa. Simu ikalia hadi ikanyamaza, na mkono wa Ismaël ulikuwa bado juu yake.

Ikalia tena.

Akaiokota. "Allo, papa Nzanzu." Sauti yake ilikuwa kavu, akakohoa. "Ndiyo. Hapana, haiyatimia. Niko na mia mbili na sitini. Ile ya shule wanasema wiki ijayo, na mimi sijui kama iko kweli."

Akasikiliza. Upande wa pili palikuwa na swali. Hadidja alilijua bila kulisikia, maana wanaodai wote huuliza lile moja. Ismaël alitazama mraba wa saruji, kisha lango, kisha, kwa mara ya kwanza tangu siku ile, akamtazama mkewe usoni.

"Niko nyumbani," akasema. "Unaisikia moulin, si vile?"

Akasikiliza tena kidogo. Kisha akaiondoa simu sikioni polepole, akasimama, akaanza kuchomekea shati lake.

"Mama Malika," akasema, "weka maji ya chai. Papa Nzanzu iko hapa kwa Cyprien, anakuja."